Sura ya Saba: Je, Kuna Mtu Anayeweza Kuuchezea Wakati?

Swali hili halitoki madarasani. Linatoka kwenye vibanda umiza vya Gongo la Mboto, jijini Dar es Salaam. Kibanda umiza, kwa msomaji asiyekijua, ni banda la mbao na mabati lenye mabenchi na televisheni, ambako kwa fedha ndogo unaangalia mpira, au filamu ya nje ambayo mtafsiri ameitia maneno ya Kiswahili juu yake. Humo vijana wamemwona Doctor Strange, yule daktari wa upasuaji katika filamu ya mwaka 2016 anayegeuka mchawi wa wakati. Anavaa kidani shingoni, anazungusha mkono, na majengo yaliyoporomoka yanajijenga upya, vifusi vikirudi ukutani kimoja kimoja. Filamu ikiisha, ubishi unaanza. Mmoja anasema hiyo ni kompyuta tu. Mwenzake anamjibu, "Kaka, usibishe, hata huku kwetu watu wa hivyo wapo."

Watu wazima huuliza lilelile kwa njia nyingine. Kwenye nguzo za umeme za jiji hili kumebandikwa matangazo ya waganga: kurudisha mpenzi aliyeondoka, kurudisha mali iliyopotea, kupandishwa cheo, kujua yajayo. Yasome vizuri utaona kwamba karibu kila ahadi hapo inahusu wakati: kilichopita kirudi, kijacho kionekane leo. Mama ambaye mwanawe amemaliza chuo na ajira haionekani ana sababu ya kusimama na kuinakili ile namba ya simu. Simcheki hata kidogo. Sura hii nimeiandika kwa ajili yake zaidi kuliko kwa wale vijana, kwa kuwa yeye ndiye anayelipa.

Kabla ya kujibu tutenganishe mambo manne ambayo watu huyachanganya wanaposema mtu "anauchezea wakati":

- kuurudisha nyuma, ili lililotokea liwe halijatokea;
- kuupunguza au kuuongeza kasi;
- kuubadilisha kwa amri, saa hii iwe ile, siku hii ifutwe;
- kuuona ulio mbele.

La kwanza haliwezekani. La pili linawezekana kwa kiasi kidogo ajabu. La tatu limefanyika mara nyingi, na limefanyika hapahapa kwetu. La nne ndilo lenye faida kubwa kuliko yote, na ndilo lililojaa matapeli, kwa hiyo tutakaa nalo zaidi.

Aliyefupisha bahari

Tuanze na mtu ambaye, kwa macho ya mgeni, alikuwa mchawi wa wakati kweli. Mwezi Aprili 1498 Vasco da Gama, nahodha Mreno, alifika Malindi akitafuta njia ya India. Mfalme wa Malindi akampa mwalimu wa chombo. Huyu ni yule mtu wa jahazini anayejua nyota, pepo na mikondo. Nahodha anaamuru watu, mwalimu anajua njia na majira. Waliondoka tarehe 24 Aprili. Tarehe 20 Mei walikuwa mbele ya Calicut. Siku 26.

Wakati wa kurudi Da Gama hakusubiri majira. Aliiacha pwani ya India mwanzoni mwa Oktoba, kabla kaskazi haijakaa sawa. Kaskazi ni upepo unaovuma kutoka Asia kuja kwetu, takribani Desemba hadi Machi. Kusi ni ule unaovuma kutoka kwetu kwenda huko, takribani Aprili hadi Septemba. Merikebu zake zilielea baharini karibu miezi mitatu, zikaiona pwani ya Mogadishu mwanzoni mwa Januari 1499. Mabaharia wengi walikufa kwa kiseyeye, ugonjwa wa kukosa matunda na mboga, unaovimbisha ufizi na kufungua vidonda vya zamani.

Bahari ilikuwa ileile na merikebu zilezile. Mwalimu wa Malindi hakuwa na kidani. Alikuwa na hesabu: alijua ni siku zipi za mwaka safari ni wiki nne na ni siku zipi ni miezi mitatu. Hapo ndipo ninapotaka msomaji asimame kidogo, kwa sababu mtu wa wakati katika pwani yetu, tangu zamani, ni mhesabuji. Akikaa kwenye hesabu yake, anaona mbali. Akiiacha na kuanza kuuza maajabu, haoni zaidi ya mimi na wewe.

Hesabu hiyo haikuwa ya baharini tu. Wakulima na wavuvi wa pwani walikuwa na mwaka wao wa jua, unaoanza siku ya Nairuzi, ile ambayo Makunduchi, kusini mwa Unguja, husherehekewa kila Julai kwa jina la Mwaka Kogwa: wanaume hupigana kwa magogo ya migomba, kibanda cha makuti huchomwa moto, ugomvi wa mwaka mzima huishia hapo. Watalii hupiga picha za moto. Wengi hawaoni kalenda iliyo nyuma yake. Siku 365 ziligawanywa kwa makumi, kila kumi likaitwa mwongo, na mwishoni zikabaki siku tano. Mzee aliyejua leo ni mwongo wa ngapi aliweza kusema lini mvua zinakaribia na lini bahari inachafuka. Mwezi wa Kiislamu haukuweza kumsaidia katika hilo, kwa kuwa mwaka wa mwezi una siku 354 au 355, na Ramadhani huzunguka masika na kiangazi bila kujali shamba la mtu.

Kalenda hii ina kasoro moja: haina siku ya ziada kila baada ya miaka 4. Kwa hiyo Nairuzi hurudi nyuma karibu siku moja kila miaka 4, na katika miaka 100 hurudi siku 24 au 25. Kwa maisha ya mtu mmoja si tatizo kubwa. Kwa vizazi ni tatizo.

Mnajimu na meza yake

Sasa tumfikie mnajimu, maana yeye ndiye watu wanayemfikiria wakisema "hata huku kwetu wapo".

Maneno mawili kwanza. Falaki ni elimu ya mwendo wa jua, mwezi na nyota: lini mwezi utaandama, kibla kiko upande gani, adhuhuri inaingia saa ngapi. Unajimu ni kusoma maana ya nyota hizo katika maisha ya mtu: utaolewa lini, usafiri siku gani, nani anakuonea. Zamani mtu mmoja aliweza kuzijua zote mbili na kuzifanyia kazi kwenye meza moja, na hapo ndipo mchanganyiko ulipoanzia.

Ukienda kwa mnajimu wa pwani, jambo la kwanza atakalouliza ni jina lako na jina la mama yako. Wengi huogopa hapo, wakidhani jina la mama linafungua mlango wa majini. Kinachofanyika ni hesabu ya abjadi: kila herufi ya Kiarabu ina thamani ya namba. Tuseme mteja anaitwa Ali, mama yake Mariamu. Ali ni ayni 70, lamu 30, ya 10, jumla 110. Mariamu, kwa maandishi ya Kiarabu, ni mimu 40, ra 200, ya 10, mimu 40, jumla 290. Ukijumlisha unapata 400. Njia iliyoenea ni kugawa kwa 12, kwa kuwa buruji, yaani mafungu ya nyota, ni 12. Mia nne ukigawa kwa 12 inabaki 4. Buruji ya nne, kuanzia Hamali, ni Saratani, nyota ya Kaa. Basi Ali ni mtu wa Kaa, na kitabu kina ukurasa wake.

Baada ya hapo atakuchagulia saa. Katika elimu hii kila saa ya mchana na usiku ina nyota inayoitawala, kwa mpangilio usiobadilika: Jua, Zuhura, Utaridi, Mwezi, Zohali, Mushtarii, Mirihi, kisha tena Jua. Hesabu huanzia macheo. Saa ya kwanza ya Jumapili ni ya Jua; zungusha saa 24, utakuta saa ya kwanza ya Jumatatu imeangukia kwa Mwezi, na ya Jumanne kwa Mirihi. Mushtarii na Zuhura ni saada, yaani heri. Zohali na Mirihi ni nuhusi, yaani mkosi. Ndoa hufungwa kwenye saa ya saada, na biashara haifunguliwi kwenye saa ya nuhusi.

Nimeieleza meza hii kwa urefu kwa makusudi. Mtu akijua kinachofanyika hupungukiwa na hofu, na matapeli wanaishi kwa hofu hiyo. Hesabu yenyewe ni safi, mtoto wa darasa la sita anaweza kuifanya. Shida iko kwenye hatua inayofuata, pale namba inapogeuzwa kuwa maisha. Katika jiji la mamilioni ya watu, akina Ali ambao mama zao ni Mariamu ni wengi mno. Wote wanapata 4. Mmoja ana duka la jumla, mwingine anabeba mizigo kwenye duka hilo. Ukurasa ule wa kitabu unawasema wote wawili kwa maneno yaleyale.

Na angalia: mnajimu mwenyewe, hata yule wa jadi anayejiheshimu, hajawahi kudai kwamba anaisogeza saa. Anachagua tu. Anasema subiri Alhamisi. Anayedai kuirudisha jana ni mtu mwingine kabisa aliyejificha kwenye kanzu yake.

Sheikh Yahya na utabiri unaosukuma

Tanzania haijapata mnajimu aliyejulikana kumzidi Sheikh Yahya Hussein wa Magomeni Mwembechai. Kwa miaka mingi sauti yake ilikuwa redioni, sura yake kwenye televisheni, na nyota zake magazetini. Alifariki Mei 2011. Watu wa rika langu wanakumbuka jinsi kila mwisho wa mwaka vyombo vya habari vilivyomsubiri atoe utabiri wa mwaka mpya, na jinsi mabishano yalivyofuata kwenye vijiwe vya kahawa.

Utabiri uliozua gumzo kubwa ulihusu uchaguzi wa 2010. Alitangaza kwamba mwanachama wa CCM, chama tawala, atakayejitokeza kupambana na Rais Jakaya Kikwete katika kuwania uteuzi wa chama atakufa ghafla. Kisha, Agosti 2010, Kikwete alipoanguka jukwaani Jangwani wakati wa kuzindua kampeni, Sheikh Yahya alisema atampa ulinzi wa viumbe wasioonekana.

Tuuchunguze ule utabiri wa kwanza kama fundi anavyochunguza redio, kwa kuifungua. Ili ujulikane kama ni kweli, lazima mtu agombee. Lakini utabiri wenyewe unamtisha anayetaka kugombea. Asipogombea mtu, mtabiri hajakosea. Utabiri wa aina hii hauoni kilicho mbele. Unawasukuma watu kuelekea upande mmoja, halafu wakifika unasema nilijua mtafika. Sisemi kwamba Sheikh aliupanga kwa hila, na sijui lililokuwa moyoni mwake. Nasema hivyo ndivyo unavyofanya kazi, na unafanya kazi vivyo hivyo mtaani: ukimwambia dada kwamba ndoa yake itavunjika kabla ya mwaka kuisha, atarudi nyumbani akimwangalia mumewe kwa jicho jingine, na mume ataliona jicho hilo.

Linganisha na tarehe 1 Septemba 2016. Siku hiyo watu kutoka kila kona walikwenda Rujewa, wilayani Mbarali, mkoani Mbeya, kutazama jua likipatwa na mwezi na kubaki kama pete. Wanafalaki walikuwa wamesema miaka mingi kabla: siku hii, saa hii, mstari huu wa ardhi. Haikuhitaji mtu kuamini wala kuogopa. Kama watu wote wa Rujewa wangekataa kwa kelele, pete ingetokea vilevile.

*Kwa ufupi: ukipewa utabiri, jiulize mambo mawili. Je, upo uwezekano wa kuonekana wazi kwamba ulikosea? Na je, ungetimia hata kama hakuna aliyeusikia? Kupatwa kwa jua kunafaulu yote mawili. Matangazo mengi ya nguzoni hayafaulu hata moja.*

Saa hubadilishwa kwa amri

Kuna wachawi wa wakati ambao hawachomi ubani. Wanasaini karatasi.

Simama uwanjani Gongo la Mboto saa sita kamili mchana kwa saa ya simu yako, utazame kivuli chako. Jua halijafika kileleni mwa safari yake. Kwa wastani wa mwaka litafika kama dakika 23 baadaye. Sababu ni kwamba saa ya Afrika Mashariki, saa tatu mbele ya Greenwich, imepimwa kwa mstari wa nyuzi 45 mashariki, unaopita Somalia, wakati Dar es Salaam iko kwenye nyuzi 39 na ushee. Tunaishi kwa adhuhuri ya watu wengine. Msikiti unalijua hilo, ndiyo maana adhana ya adhuhuri haifuati saa sita ya ukutani, inafuata jua.

Nani aliamua hivyo? Serikali. Na serikali imeamua tofauti kwa nyakati tofauti. Wakati wa ukoloni Kenya iliwahi kuwa saa mbili na nusu mbele ya Greenwich, ikawahi kuwa saa mbili na dakika 45, kabla ya kutulia kwenye tatu. Siku ya mabadiliko mtu alilala na dakika zake, akaamka zimechukuliwa.

Wengine wamefanya makubwa zaidi. Mwaka 1582 Papa Gregori wa 13 alirekebisha kalenda, na katika nchi zilizomfuata mara moja, watu walilala tarehe 4 Oktoba wakaamka tarehe 15. Nchi ya Samoa, huko Pasifiki, iliifuta Ijumaa ya tarehe 30 Desemba 2011 ili siku zake zilingane na za Australia na New Zealand inazofanya nazo biashara. Wahabeshi, ambao huhesabu saa kuanzia macheo kama sisi, wana miezi 13 na mwaka ulio nyuma ya huu wetu kwa miaka 7 au 8. Hakuna Mhabeshi aliye kijana zaidi kwa sababu hiyo. Hesabu ilisogezwa, mwili haukusogea.

Hata hivyo usidhani hesabu ni kitu chepesi. Zanzibar iliilipia kwa damu. Sultani Hamad bin Thuwaini alifariki tarehe 25 Agosti 1896, na Khalid bin Barghash akaingia kasrini bila idhini ya Waingereza. Wakampa muda: atoke kabla ya saa tatu asubuhi ya tarehe 27. Saa tatu ilipopita, manowari zikafyatua. Vita vilikwisha kwa muda usiofika saa moja. Wengi husema dakika 38, na watu takribani 500 upande wa Khalid waliuawa au kujeruhiwa. Mwaka uliofuata jumba la Beit-el-Ajaib lilipotengenezwa upya, lilipata mnara wa saa mbele yake. Mnara huo ulisimama hadi tarehe 25 Desemba 2020, sehemu ya jengo ilipoporomoka. Aliyeshika saa siku ile ya Agosti alikuwa na mizinga; kwa sababu hiyo saa yake ndiyo iliyohesabika.

Hapa Gongo la Mboto nguvu hiyo tunaijua kwa sura ya kila siku. Anayeamka saa kumi alfajiri ili awahi kazini mjini saa mbili hajachagua saa kumi. Foleni ya Barabara ya Nyerere imemchagulia, kuanzia Ukonga hadi Tazara. Ndiyo maana ujenzi wa barabara ya mwendokasi hadi Gongo la Mboto una maana kuliko uganga wowote: dakika zinazookolewa hapo ni za kweli, na zinarudi kwa mtoto anayemsubiri baba nyumbani.

Ndege na sekunde

Gongo la Mboto ni jirani na Uwanja wa Ndege wa Kimataifa wa Julius Nyerere, kwa hiyo mfano unaofuata unaupita mtaa huu kila siku.

Mwaka 1971 wanasayansi wawili wa Marekani, Hafele na Keating, walipakia saa za atomu kwenye ndege za abiria. Saa ya atomu hupima wakati kwa mitetemo ya atomu. Sekunde moja ni mitetemo 9,192,631,770 ya atomu ya sizi. Saa hizo zilizungushwa dunia nzima mara moja kuelekea mashariki na mara moja kuelekea magharibi, kisha zikalinganishwa na saa zilizobaki nyumbani. Za mashariki zilikuwa nyuma kwa nanosekunde 59. Za magharibi zilikuwa mbele kwa nanosekunde 273. Nanosekunde ni sekunde moja iliyogawanywa mara bilioni. Albert Einstein alikuwa ameshasema: mwendo hupunguza kasi ya wakati, na kadiri unavyokwenda juu, mbali na uvutano wa dunia, wakati huenda haraka zaidi.

Kwa kanuni hiyohiyo, saa iliyo kileleni mwa Kilimanjaro, mita 5,895, huitangulia iliyo usawa wa bahari kwa takribani nanosekunde 55 kila siku. Ukikaa kileleni hapo miaka 70 utakuwa umemzidi umri pacha wako wa Dar es Salaam kwa chini ya sehemu mbili za elfu moja za sekunde.

Ni kidogo, lakini si upuuzi. Dereva wa bodaboda anayefuata ramani ya simu anategemea setilaiti ambazo saa zake huitangulia saa ya ardhini kwa mikrosekunde 38 kwa siku. Mikrosekunde ni sekunde iliyogawanywa mara milioni. Mafundi wasingeisahihisha tofauti hiyo, ramani ingekosea zaidi ya kilomita 10 kwa siku moja tu. Abiria wa Majohe angejikuta Kisarawe.

Kwa hiyo kijana wa kibanda umiza aliyesema "wapo" hakukosea kabisa. Wakati hunyumbulika. Ila huwezi kuununua unyumbufu huo kwa mganga, na zaidi ya yote haujawahi kumrudisha mtu jana.

Kwa nini jana hairudi? Mimina maziwa kwenye chai ya rangi. Yatajichanganya yenyewe bila kukorogwa. Sasa subiri yajitenge, maziwa yarudi upande wake na chai upande wake. Utasubiri hadi kikombe kioze. Matone yana njia chache mno za kukaa yametengana, na njia zisizohesabika za kukaa yamechanganyika. Vitu vyote, kuanzia chai hadi mwili wa binadamu, huelekea kwenye kuchanganyika, na mwelekeo huo ndio tunaouita mbele. Yule Doctor Strange akiyarudisha matofali ukutani, ni mtengeneza filamu aliyeirudisha mikanda yake.

Aliye juu ya mto

Linabaki la kuona mbele, na hapa nina jambo la kusema kwa watu wa Gongo la Mboto hasa.

Usiku wa tarehe 16 Februari 2011 ghala la silaha la jeshi lililipuka katika mtaa huu. Zaidi ya watu 20 walikufa. Maelfu walikimbia gizani, watoto walipotezana na wazazi, na Uwanja wa Uhuru ukajaa watu wasiojua kama nyumba zao zipo. Baada ya hapo kila mtu aliyefiwa alitamani usiku ule urudishwe, na sina jibu la kumpa zaidi ya pole.

Lakini utabiri ulikuwepo, tena haukuandikwa kwenye nyota. Tarehe 29 Aprili 2009 ghala la silaha la Mbagala lilikuwa limelipuka, na huko pia zaidi ya watu 20 walikufa. Jiji lilelile, aina ileile ya ghala, makazi ya watu yaliyolisogelea vilevile. Kati ya milipuko hiyo miwili ilipita miezi 21 na nusu. Huo ndio muda uliokuwa unachezeka. Kwa kila aliyekuwa na mamlaka ya kuyahamisha mabomu au kuwahamisha watu, ule ulikuwa wakati wa kuhesabu, na hakuhitaji mtu wa abjadi.

Nitoe mfano mwingine, ambao safari hii nguvu iko mikononi mwa wakazi wenyewe. Mto Msimbazi unaanzia vilima vya Pugu na Kisarawe, unapita pande hizi za Gongo la Mboto na Ulongoni, unateremka hadi Kigogo na Jangwani, kisha unaingia baharini. Mvua kubwa ikinyesha Pugu, maji hayafiki Jangwani papo hapo; yanachukua muda njiani. Kwa hiyo anayesimama daraja la Ulongoni akayaona maji yamegeuka rangi na kupanda kwenye kingo, anaiona hali ya Jangwani kabla Jangwani haijajiona. Desemba 2011 mafuriko yaliua watu zaidi ya 40 Dar es Salaam, wengi wao wakazi wa mabondeni.

Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania hutoa tahadhari za mvua kubwa siku kadhaa kabla, na hutoa mwelekeo wa vuli na masika kabla msimu haujaanza. Tahadhari hizo zimejengwa juu ya joto la bahari, upepo na vipimo vya miaka mingi, kazi ileile ya wazee wa miongo ya Nairuzi ikiwa na vyombo bora. Huwa zinakosea pia, na zikikosea hujulikana wazi, maana mvua imenyesha au haikunyesha. Tahadhari ikitoka na mto ukaanza kupanda Ulongoni, aliye na shangazi au rafiki Kigogo au Jangwani ampigie simu hapo hapo, amwambie: toeni watoto kwanza, vyeti na dawa zifuate, magodoro acheni.